Shajara ya kitabu cha ukoo: sanduku la bati la babu na jina ambalo hakuna aliyelijua

4 Januari

Wageni wa Krismasi wameshashuka, wa Dar waliondoka juzi na wa Arusha jana jioni, huku Kibosho migombani kumebaki kimya na mimi nimebaki na sanduku la bati la babu. Baba mdogo alinikabidhi tarehe 27 mbele ya ukoo mzima, akasema wewe ndo umetaka kiandikwe kitabu, haya chukua, ila kikipotea hata kipande kimoja nitakuuliza wewe.

Nieleze ilivyoanza maana nikisahau mimi basi imesahaulika. Siku ile baada ya nyama, watu wamekaa na mbege, mtoto wa binamu yangu yuko fomu wan akauliza wale waliozikwa pale chini kwenye migomba ni kina nani. Wazee wakaanza kutaja, fulani mwana wa fulani, wakapanda vizazi sita bila kukwama hata mara moja, nilisikia fahari kwa kweli. Mtoto akauliza tena, na mama yake babu aliitwa nani? Kimya. Wakaangaliana. Mmoja akasema alikuwa mama fulani, akataja jina la mtoto wake wa kiume. Mwingine akasema alitoka upande wa Uru. Jina hakuna.

Mama aliyemzaa babu, ambaye damu yake tunayo watu zaidi ya mia na ishirini tuliokuwa pale uani, hana jina. Nililala na hilo.

11 Januari

Sanduku lilikuwa darini juu ya jiko la kuni miaka yote na nadhani ndo lililoliokoa, moshi umeingia kila kona, ukifungua unasikia harufu ya kuni na mafuta ya taa, lakini mchwa hakuna, panya hakuna, vile vidudu vya rangi ya fedha vinavyokula karatasi navyo hakuna. Karatasi zimekuwa rangi ya chai ila zipo.

Nilitandika shuka safi juu ya meza, nikanawa mikono nikaikausha, nikaanza kutoa kimoja kimoja kwa mpangilio uleule zilivyolala, maana mpangilio nao ni habari, kitu kilichowekwa pamoja na kingine kiliwekwa na mtu kwa sababu. Kuna risiti za kodi zimefungwa kwa kamba ya mgomba. Stakabadhi za kahawa nyingi sana. Kaunta buku moja kubwa la zamu za maji ya mfongo, yaani mfereji wetu wa kumwagilia, daftari dogo la mahari, kitabu kidogo chenye jalada gumu cha mdogo wake babu aliyekwenda vitani na Keya, lile jeshi la Waingereza la KAR, kadi mbili za kliniki, picha 14. Chini kabisa sanduku limetandikwa kurasa za gazeti la Komkya, lile gazeti la Wachagga la miaka ya 1950, nimezitoa na zenyewe zimeingia kwenye orodha.

Shahada ya ndoa ya babu haikuwemo, ipo mjini kwa binamu na nimekuta imeshapigwa laminesheni, alikuwa na nia njema kabisa, alitaka isichakae, lakini ule moto wa mashine umeikunja karatasi kwa ndani na sasa haitoki tena humo. Kwa hiyo nimeandika kwenye grupu la ukoo, naomba jamani, karatasi yoyote ya zamani msiipige laminesheni, msiibandike selotepu, msiandike nyuma ya picha kwa peni ya wino, tumieni penseli laini mkiandika taratibu, na kama huna pa kuweka weka ndani ya bahasha ya karatasi kavu, sio mfuko wa nailoni, nailoni inatunza jasho.

Kila kitu nimekipa namba kwa penseli pembeni. Jumla 143.

25 Januari

Nimemrekodi Shangazi. Ndo mkubwa wetu sasa hivi, macho yamepungua lakini akili iko sawasawa, ukimkosea tarehe anakurekebisha. Nimekaa naye saa mbili na nusu, nikaweka simu mezani karibu na kikombe chake na daftari langu pembeni.

Nikamwuliza, Shangazi, bibi mama yake babu aliitwaje. Akasema mwanangu, sisi tulimwita bibi. Nikamwambia ndiyo, ila jina lake. Akasema nani angemtaja mkubwa wake kwa jina? Mama yangu alikuwa mkwe wake, angeanzaje kulitamka. Wanaume walimwita kwa mtoto wake. Mimi alifariki nikiwa mdogo, nakumbuka mikono yake tu, alikuwa ananimenyea ndizi mbivu.

Sasa hapo nikaelewa. Jina halikupotea kwa uzembe, lilipotea kwa heshima. Kila aliyemheshimu alilikwepa, na waliokuwa na ruhusa ya kulitamka, wazazi wake na wenzake wa rika, walikufa wote kabla yake au pamoja naye.

Nikajaribu njia nyingine. Sisi tuna desturi, mtoto wa kiume wa kwanza anapewa jina la babu mzaa baba, wa kike wa kwanza jina la bibi mzaa baba, kwa hiyo majina yanarudi rudi na ukijua mpangilio unaweza kusoma ukoo kama kitabu. Shangazi ndo binti wa kwanza wa babu, kwa hiyo jina lake la nyumbani lilipaswa kuwa la huyo bibi. Lakini yeye mwenyewe anasema hapana, jina langu ni la upande wa mama, mama yake mama. Nikauliza kwa nini wakaruka? Akasema sijui, nilikuta hivyo.

Nimeandika kwa herufi kubwa: KWA NINI WALIRUKA.

3 Februari

Siku mbaya. Simu imeibwa kwenye daladala kati ya stendi na Mbuyuni, na rekodi ya Shangazi ilikuwa humo, yote, sikuwa nimeihamisha popote. Nilikaa barazani nikalia, sioni haya kuandika hivyo. Bahati daftari lilikuwa nyumbani, nilikuwa nimeandika mambo makuu na maneno yake kadhaa kama alivyoyasema, lakini sauti yake akicheka alipokuwa anasimulia siku ya kipaimara, ile haiko tena.

Tangu leo sheria ni moja. Kila rekodi siku hiyohiyo inakwenda sehemu tatu, kwenye laptopu, kwenye flashi inayokaa kwa baba mdogo, na kwa dada yangu Arusha kwa barua pepe. Na ile ya maana naiandika kwa mkono kwenye kaunta buku. Nimenunua mawili ya kwaya tatu. Simu imedumu na maneno ya Shangazi siku tisa, daftari la mahari la babu limedumu miaka themanini na ushee juu ya jiko, hiyo inanitosha kuamua wapi pa kuandika.

Shangazi nilipomwambia akasema usijali, njoo tena nitasema upya. Nilikwenda. Akasema upya, na safari hii akakumbuka vitu viwili alivyosahau mara ya kwanza.

15 Februari

Kazi ya wiki hii ni kupanga miaka. Wazee hawasemi mwaka, wanasema nilikuwa nachunga mbuzi, au nilikuwa nimetoka jando, au mwaka ule tulipochagua Mangi Mkuu, yaani chifu mkuu wa Wachagga. Kwa hiyo nimechukua karatasi kubwa ya manila nikaibandika ukutani, nikaandika yale ambayo miaka yake inajulikana, alafu natundika habari za wazee pembeni yake kwa vipande vya karatasi.

Misheni kufunguliwa Kibosho 1893, miaka miwili baada ya Wajerumani kumpiga Mangi Sina. Kunyongwa kwa Mangi Meli kule Old Moshi pamoja na wenzake, 2 Machi 1900, hiyo baba yake babu alikuwa akiisimulia kama kijana aliyeisikia kwa wakubwa zake. Reli ya kutoka Tanga kufika Moshi 1911. Waingereza kuingia Moshi Machi 1916. Chama cha wakulima wa kahawa, KNPA, 1925, alafu chama cha ushirika cha KNCU 1933. Uchaguzi wa Mangi Mkuu 1951. Mwenge kuwekwa Kibo usiku wa Uhuru, Desemba 1961.

Mfano mmoja tu. Babu mdogo mmoja wa upande wa pili alikuwa akisema alizaliwa "Mjerumani akikimbia." Kitambulisho chake marehemu kilisema 1922. Mjerumani alikimbia 1916. Miaka sita imeliwa na karani aliyekadiria kwa kumwangalia usoni. Mimi nimeandika zote mbili, ya kitambulisho na ya simulizi, na nani kasema, sikuchagua moja nikaifuta nyingine. Baba mdogo hakupenda, anataka kitabu kiseme kitu kimoja. Nimemwambia baba, tukiandika moja tu na ikawa ndo ya uongo, wajukuu watakaokuja hawatakuwa na pa kuanzia kutafuta.

1 Machi

Stakabadhi za kahawa zimenichukua jioni nne. Kila moja ina tarehe, kilo, daraja, jina la mwanachama. Nimezipanga kwa mwaka. Unaona maisha yote pale, mwaka wa kilo nyingi ndo mwaka waliojenga nyumba ya bati, mwaka wa kilo chache mmoja wa watoto hakuendelea na shule. Alafu kuna pengo, maana vyama vya ushirika vilivunjwa 1976 na KNCU ikarudi 1984, stakabadhi za katikati ni za karatasi nyingine kabisa.

Lakini kitu kilichonishika ni hiki. Babu alifariki 1968. Stakabadhi za 1969, 1970, 1971, zote bado zina jina lake. Aliyekuwa anachuma ni bibi. Aliyekuwa anamenya kwa mashine ya mkono usiku, anaosha, anaanika kwenye vichanja, anakimbia kufunika mvua ikija, ni bibi na watoto. Akabeba kichwani mpaka chamani, karani akaandika jina la marehemu. Nimeshika karatasi ya Novemba 1970, kilo 41, jina la mtu aliyezikwa miaka miwili nyuma, na huku nyuma kuna alama ya kidole gumba ya wino wa zambarau. Kidole ni cha bibi. Ndo kitu pekee chake kwenye karatasi zote zile, kidole.

Nimeipiga picha ile alama kwa karibu, itachukua ukurasa mzima.

Na daftari la mahari lenyewe ndo hivyohivyo. Limeandika mbuzi wangapi, mbege mitungi mingapi, ng'ombe, blanketi la mama mkwe, baba wa binti ni nani na ukoo wao. Binti mwenyewe ameandikwa "binti wake."

16 Machi

Leo nilifungua kitabu cha Keya. Nilikiogopa kidogo maana kimekunjika katikati na mtu zamani alikiunga kwa selotepu, ile gundi imegeuka rangi ya asali na kuula wino.

Mdogo wake babu aliingia jeshini 1941 na alitoka 1946. Alipelekwa Bama (Burma), kama vijana wengi wa huku waliokwenda na divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, wakapita lile bonde la Kabaw mwaka 1944 wakati wa mvua. Alirudi salama, hakuoa, alikuwa mtu wa kimya, baba anamkumbuka akikaa mlangoni na koti lake la jeshi hata wakati wa jua. Kitabu kina namba yake, urefu, kabila, jina la mangi wake. Na kina mstari wa mtu wa karibu wa kupewa taarifa akifa.

Alikuwa hajaoa. Baba yake alishafariki. Kwa hiyo alipoulizwa na karani, akataja mama yake.

Nilisimama. Nikakaa tena. Jina limeandikwa pale kwa wino wa bluu, chini ya selotepu, na mkunjo umepita katikati yake. Herufi tatu za mwanzo zinasomeka. Zinazofuata zimekuwa doa.

Sikuigusa ile selotepu, ukivuta inaondoka na karatasi. Nilizima taa ya juu nikaweka tochi pembeni kabisa mwa karatasi, mwanga unapita juu yake kama jua la saa kumi na mbili, hapo ule mchoro wa nibu unaonekana kama mtaro mdogo hata kama wino umekwisha. Nikapiga picha nyingi, nikaongeza giza kwenye simu. Zimetokea herufi mbili zaidi na ya mwisho. Katikati bado hapasomeki. Na karani aliandika alivyosikia, anaweza kuwa ameweka L penye R, mtu wa mbali hasikii sauti zetu sawasawa.

Nimempigia baba mdogo saa nne usiku. Hakunilaumu kwa kumwamsha.

29 Machi

Maktaba ya mkoa, mjini Moshi. Nilitaka kuona wenzetu waliotangulia waliandikaje. Petro Itosi Marealle, aliyekuwa mangi wa Marangu, alitoa kitabu chake kuhusu maisha ya Mchagga mwaka 1947 na kwa Kiswahili, akaeleza kuzaliwa, kuoa, kuzikwa, vitu ambavyo wengi walidhani havihitaji kuandikwa kwa sababu kila mtu alivijua wakati ule. Na kabla yake kulikuwa na mwalimu wa Marangu, Nathaniel Mtui, ambaye miaka ya 1910 alizunguka kwa wazee akaandika habari za wamangi kwenye madaftari, na Kathleen Stahl alipoandika historia ya Wachagga iliyotoka 1964 alimtegemea sana huyo mwalimu. Madaftari tu. Mtu mmoja na kalamu, miaka hamsini baadaye kitabu kikubwa kimesimama juu ya kazi yake.

Nilirudi na nguvu mpya. Nikaamua pia kwamba pamoja na kitabu cha ukoo nitatoa kijitabu kingine cha kurasa chache kuhusu mfongo wetu na zamu zake, hicho nipeleke maktaba, kwa sababu lile kaunta buku la maji lina majina ya vihamba vyote, yaani mashamba ya migomba ya kila familia, vilivyokunywa mfongo ule na siku zao, na mfongo wenyewe sasa hivi nusu yake ni takataka na mabomba. Cha ukoo wazee wamesema majina ya watu yakae ndani ya ukoo, na mimi nimekubali, ndo maana hata humu siandiki jina la mtu wetu yeyote.

20 Aprili

Masika. Mvua kila siku, ukuta wa chumba unatoa jasho. Nimehamisha bahasha zote kwenye kabati la juu mbali na ukuta, kila siku jua likitoka nafungua madirisha. Mengine hakuna, nimechapa kurasa 34.

10 Mei

Niliandika barua parokiani Machi, paroko akajibu Aprili, leo ndo nimekwenda. Masharti aliyoweka ni ya haki kabisa, nisipige picha, nitumie penseli, na kurasa azigeuze katibu wa parokia mwenyewe. Nilifika saa mbili asubuhi, tumsifu Yesu Kristo, milele amina, akanikaribisha meza karibu na dirisha.

Kitabu cha ubatizo ni kikubwa, ukikifungua kinafika ukingo wa meza zote mbili, mwandiko wa wamisionari umelala kulia, mwembamba, kwa Kilatini. Kila mstari ni mtu. Namba, siku ya ubatizo, siku ya kuzaliwa, jina la Kikristo na pembeni yake jina la Kichagga, baba, mama, msimamizi, padri. Alafu pambizoni wanaongeza maisha yakiendelea, kipaimara, ndoa na nani na wapi. Kwa hiyo mstari mmoja ulianza siku mtoto amebebwa na unaweza kujazwa miaka ishirini baadaye na mwandiko wa padri mwingine.

Tulianza na Shangazi kwa sababu nilijua jina lake. Kitambulisho chake kinasema 1 Januari 1940. Kitabu kinasema amezaliwa 19 Novemba 1938. Nikaandika. Katibu akawa anarudisha kurasa nyuma taratibu, nadhani alikuwa anatafuta mwanzo wa mwaka, nikaona jina la babu kwenye safu ya baba. Nikamwambia ngoja.

Machi 1936. Filia, binti. Baba ni babu. Mama ni bibi. Jina la Kikristo, na pembeni yake jina la Kichagga, na lile jina linaanza na herufi tatu ambazo nimezikariri kutoka kitabu cha Keya, na linaishia na ile herufi ya mwisho, na katikati yake, pale penye doa, limekamilika, halina doa, mwandiko mzuri kabisa. Pambizoni hakuna kipaimara wala ndoa. Kuna msalaba mdogo na tarehe, Agosti 1937.

Alikuwepo binti kabla ya Shangazi. Alipewa jina la bibi yake kama desturi inavyotaka, akaishi mwaka mmoja na miezi. Shangazi alipozaliwa mwaka uliofuata hawakulirudia lile jina, wakaenda upande wa mama. Ndo maana waliruka. Na jina likafungwa mara mbili, mara ya kwanza kwa heshima, mara ya pili kwa msiba.

Katibu aliniona nimenyamaza, akauliza kama nataka maji. Nikamwomba tufungue 1924, maana wazee walisema yule bibi mama yake babu alibatizwa ukubwani na watu wengi wakati wa Pasaka. Tulipata ukurasa wake, watu wazima wengi wamefuatana siku moja, namba kwa namba. Yumo. Jina lilelile. Umri wameandika takriban miaka 35. Jina la baba yake lipo, na kweli ametokea Uru.

Nilinakili mistari yote mitatu kwa penseli, herufi kwa herufi, pamoja na namba zake, katibu akanisomea tena kuhakikisha. Nilishuka kwa miguu mpaka barabarani, bodaboda wananiita sisikii.

18 Mei

Nilisubiri wiki nzima kabla ya kumwambia Shangazi, nilimwuliza kwanza baba na baba mdogo, wakasema nenda naye taratibu.

Nilimsomea la bibi kwanza. Nilipotamka jina akaomba nirudie. Akalitamka mwenyewe, alilitamka vizuri zaidi yangu, kwa sauti yake ya Kikibosho kama inavyotakiwa. Akacheka kidogo. Akasema basi kumbe ndo huyo.

Alafu nikamwambia la pili. Alikaa kimya muda mrefu, mikono kwenye mapaja, nikasikia kuku tu. Akasema, kuna sale, ule mmea tunaoupanda mipakani, pale chini karibu na mfongo, peke yake, haiko kwenye mpaka. Mama alikuwa akifika pale anapunguza mwendo. Tulikatazwa kuikata na hatukuambiwa sababu, mimi nilidhani ni mpaka wa zamani.

Tulikwenda, nimemshika mkono, njia ina utelezi. Sale ipo, imekuwa ndefu kupita mtu, majani ya chini yamekauka. Katikati ya migomba ambapo hakuna mpaka wowote, kihamba ni chetu huku na huku. Shangazi akashika shina lake akasimama hivyo. Akasema alikuwa dada yangu. Akasema mwandike wa kwanza, mimi siyo wa kwanza.

7 Juni

Kwa fundi wa chapa, mjini. Kitabu kilikuwa kimekamilika kurasa 80 na nilikuwa nimeshakubaliana naye nakala 60, za kushonwa kwa uzi, sio za gundi peke yake, kwa sababu za gundi zikifunguliwa mara nyingi kurasa zinaanza kutoka moja moja, na hiki kitafunguliwa na mikono ya kila namna. Karatasi nzito kidogo, nyeupe isiyong'aa, watu waweze kuandika juu yake.

Sasa mtoto yule anahitaji ukurasa wake. Fundi akanieleza, karatasi kubwa ikikunjwa inatoa kurasa 16, tano zinafanya 80 kamili, ukiongeza ukurasa mmoja lazima uongeze mkunjo mzima, yaani 96, au ubane maandishi yaingie. Na bei inapanda. Nikampigia baba mdogo palepale. Hakuuliza ni shilingi ngapi zaidi, akasema ongeza mkunjo.

Kwa hiyo kurasa 15 zimebaki wazi. Nimeweka kurasa saba za kaunta buku la mfongo kama zilivyo na mwandiko wake. Nane za mwisho zitakuwa na mistari mitupu, mstari mmoja kwa mtu mmoja, safu ya kwanza jina lake, ya pili jina la baba, ya tatu jina la mama, jina lake la nyumbani, sio mama fulani.

Mti wa ukoo umebidi upangwe upya wote. Kwenye watoto wa babu kila mtu ameshuka namba moja, baba yangu alikuwa wa sita sasa ni wa saba, na chini yao wajukuu wote namba zimebadilika, nimekaa na binamu mpaka saa saba usiku tunahakiki jina kwa jina. Asubuhi hii Shangazi amempa mjukuu wake simu anipigie. Anataka kujua kama nimeshaandika kwamba yeye ni wa pili. Nimemwambia ndiyo Shangazi, nimeshaandika.

Mswada wa kwanza wa kuhakiki unatoka Alhamisi.